Kamati ya Posa ya Uongo

Chawa ni mdudu mdogo, lakini anayemkamata hana budi kuwa na kucha mbili za kumbana. Wahenga waliliona hilo mapema wakatuachia methali. Theodora aliisoma shuleni Musoma, akaipatia vizuri kwenye mtihani, kisha akaisahau.

Mwaka 2018 alikuwa akiishi Irving, akifanya kazi ya ofisini karibu na uwanja wa ndege. Kwa miaka mitatu alikuwa ameandika tamthilia kuhusu familia ya Kitanzania ughaibuni. Kituo kimoja cha televisheni cha Houston kilikubali kutazama sehemu ya kwanza, mradi kiipate kabla ya mwezi kwisha. Theodora alikuwa mwandishi, mtayarishaji, mwongozaji, mshika kamera na mpishi. Mswada aliulinda kama yai. Hakuna aliyewahi kuusoma wote.

Lilibaki tukio moja, la posa, lenye ndugu thelathini. Alikodi ukumbi mji jirani wa Garland, akatuma ratiba kwenye kundi la WhatsApp la Watanzania wenzake: nani anaigiza nani, fika saa nane kamili, usivae nguo ya maua, chakula cha mezani kisiguswe. Jumamosi ilipofika, walitokea watu wanne. Theodora alikaa kwenye kiti cha bibi harusi akalia, maana ilibaki Jumamosi moja tu.

Miongoni mwa wale wanne alikuwamo Mzee Shaame, dereva wa teksi kutoka Zanzibar.

"Mwanangu, umetutumia ratiba utadhani sisi ndio tuloomba kazi," alisema. "Watu kazi wanazo. Ungeunda kamati, wangekuja."

"Kamati ni ya harusi, mzee wangu. Hii ni shooting tu."

"Na posa hii si ya watu? Tena katika ratiba yako mshenga wake yuko wapi? Kijana kaja mwenyewe kutaka mke, mikono mitupu?"

Theodora alinywea. Kosa hilo lilikuwamo miaka yote mitatu, na hakuna aliyelisema kwa kuwa hakuna aliyepewa kusoma. Akamkabidhi mswada.

Kamati iliundwa jioni ile ile. Hasina, mmoja wa wale wanne, muuguzi asiyejua kunong'ona, akawa mwenyekiti na kugawa kazi: huyu pilau, yule viti, wale wawafuate wazee wasioendesha gari.

"Theo, wewe kazi yako ku-direct," alimwambia. "Nikikukuta jikoni tutagombana."

Jumamosi ya pili walikuja hamsini na saba, wenye maua na wasio na maua, na pilau ikaliwa kabla kamera haijawashwa. Hasina akapika nyingine. Mzee Shaame aliingia na barua ya posa kama mshenga. Alipotajiwa mahari aliguna kwa muda mrefu hata baba wa bibi harusi akasahau maneno yake na kucheka kweli. Theodora hakuzima kamera. Kituo kiliichukua tamthilia, kikaomba mshenga asikosekane katika sehemu zijazo.

Mwaka uliofuata walikusanyika Pearland, karibu na Houston, alikokuwa amehamia Hasina kwa kazi ya hospitali, wakaitazama kwenye runinga. Mwishoni majina yakaanza kupanda. Katika orodha yake ya zamani, Theodora alikuwa ameliandika jina lake mara tano. Sasa lilipita mara moja, kisha yakafuata ya kamati nzima, mpaka yule aliyechemsha chai. Kila jina lilipotokea, mwenyewe alisimama akapigiwa makofi. Theodora alipiga hadi viganja vikamuuma, na ile methali ya Musoma ikamrudia: kidole kimoja hakivunji chawa.