Kikapu cha Ngiri

Zamani zile, wanyama walipokuwa na majiko yao na mikeka yao, Nyati alifanya karamu ya kumpa mtoto wake jina. Waliokuwapo ni hawa, nami nitawataja mmoja mmoja.

Alikuwapo Nyati, mwenye mji. Alikuwapo Mama Nyati, na ndama wake wa siku saba, ambaye bado hakuwa na jina. Alikuwapo Ngiri, rafiki wa Nyati, mwenye meno yaliyotoka nje ya mdomo. Alikuwapo Fisi, ambaye hakualikwa. Alikuwapo Sange, yule mnyama mdogo wa msituni mwenye pua ndefu, ambaye hata akisimama wima hamfikii Ngiri magotini. Na walikuwapo watoto watatu wa Sange, ambao hakuna mkubwa hata mmoja aliyewahi kuwauliza majina yao.

Chungu kilikuwa jikoni, maji yanatokota. Watoto wa Sange walikaa mkekani, kila mmoja na bakuli lake mbele.

Pu! Ngiri akatua kikapu.

"Pisheni! Uyoga huo! Nimekifumua kichuguu kizima kwa pua hii hii, fumu, fumu! Sikubakiza hata mmoja."

Sange alijua habari hiyo. Asubuhi ile alikuwa kwenye kichuguu hicho hicho, akichuma kama mama yake alivyomfundisha: uliokomaa anauchukua, mchanga anauacha, na udongo anaurudishia mahali pake, ili mchwa wasihame. Ngiri akaja akamfukuza kwa teke.

Sasa Sange alinyoosha pua akachungulia kikapuni. Akaruka nyuma, paa!

Uyoga wa kichuguu ulikuwamo, kweli, ule wenye mzizi mrefu unaoshuka mpaka kwa mchwa. Lakini Ngiri alipita pia chini ya miti ya miyombo akazoa kila alichokiona. Humo mlikuwa na wa kahawia, na wa manjano, na mwingine mweupe, mzuri wa kutazama, wenye pete shingoni na kikombe shinani.

"Bwana Nyati," Sange alisema, "uyoga huu umechanganyika. Mna ule wa kikombe. Ule unaua."

Ngiri akacheka mpaka meno yakagongana. "Mnamsikia? Nimemtoa kichuguuni asubuhi, sasa anataka kunitoa karamuni! Wivu huo, Kipua!"

"Nani alikuambia ni mzuri, mjomba?"

"Konokono. Nimemkuta anautafuna, mzima kabisa."

"Tumbo la konokono si tumbo la ndama."

"Basi tutauchemsha sana. Moto unamaliza sumu."

"Sumu hii moto hauiwezi."

"Aaa, tieni chunguni, bwana!" Fisi alilalamika, mate yakimtoka. "Maneno yameshiba, sisi bado."

Nyati alimtazama Ngiri, akamtazama Sange. Mmoja alikuwa na meno kama mapanga, mwingine angeenea katika kwato. Basi akakiinua kikapu, akakisogeza juu ya chungu.

Sange akageuka kuwatazama wanawe. Yule wa mwisho alikuwa ameanza kulamba ukingo wa bakuli.

Ndipo Sange akawaza upesi: mkubwa hapendi kukosolewa, ila mkubwa hachoki kusifiwa.

Akapiga magoti. "Nisameheni, wakubwa zangu, nimekosa adabu. Mjomba Ngiri ni mjuzi, na mjuzi wa uyoga huujua kwa majina. Leo ni karamu ya jina. Je, ni vizuri tule chakula kisichotajwa jina? Mjomba, tutajie, na sisi wadogo tujifunze."

"Maneno hayo," alisema Nyati. Akakishusha kikapu. "Tutajie, Ngiri."

Ngiri akakohoa, koh! koh! "Majina ni... ni mengi."

"Nitakukumbusha tu, mjomba. Huu wa kahawia, si ndio Kitunzi?"

"Ndio! Kitunzi! Nilikuwa nalo ulimini. Kitunzi huota bondeni. Babu yangu alinilea kwa Kitunzi."

Mkekani mtoto mmoja alicheka, kwi! Sange akamkata jicho.

"Na huu wa manjano, si Msengo?"

"Msengo halisi! Huo unaukata kichwa, unaukaanga kwa mafuta."

"Na huu mweupe wa kikombe? Si Nyamvua?"

"Nyamvua mwenyewe!" Ngiri alivimba kifua. "Huo mimi huwapa wagonjwa, wakapona siku hiyo hiyo. Namjua Nyamvua tangu sijaota meno."

Sange akasimama, akageukia mkeka.

"Kitunzi!"

"Naam, mama!" Wa kwanza akasimama na bakuli lake.

"Msengo!"

"Naam, mama!"

"Nyamvua!"

"Bee, mama!"

"Bwana Nyati," Sange alisema, "Kitunzi, Msengo na Nyamvua ndio hao. Nimewazaa mwenyewe, na hawaoti bondeni."

 

Mama Nyati ndiye aliyecheka kwanza, kisha kicheko kikamkatika. Akakinyakua kikapu miguuni pa mumewe. "Ngiri! Hujui jina la uyoga, hujui jina la mtoto wa jirani, na ulikuwa unatulisha?"

Ngiri alitazama chini. "Nilidhani uyoga ni uyoga, shemeji."

"Chagueni ule mzuri!" Fisi akapiga kelele. "Mbaya mtupe!"

"Vipande vimeshasagana," Sange alijibu. "Ukiingia mmoja, kikapu kizima kimeharibika."

Nyati akachimba shimo nyuma ya zizi, wakaufukia wote, wakanawa mikono. Mama Nyati akamlamba ndama wake kutoka kichwani hadi mkiani, akashusha pumzi, hooo! Watoto wa Sange wakatoka mbio, wakarudi na majani ya mlenda na mnavu, mboga wanazozijua tangu walipoanza kutembea. Hakuna mlenda uliowahi kuliwa kwa furaha kama ule.

Ndama akapewa jina. Aliitwa Nyamvua.

Kesho yake, Jumanne, Ngiri alikwenda kichuguuni bila kuitwa, akarudishia udongo kwa pua yake. Sange akakaa kando akimwonyesha: "Huu chukua, mjomba. Ule uache ukue. Na huo usioujua usiuguse."

Tangu siku hiyo watu wa huko husema: usichokijua kwa jina na kwa shina, usikitie chunguni.

Fisi alikuwa amerudi shimoni jioni ile ile ya karamu, akafukua, akala. Jumanne alitapika. Jumatano alijiona mzima, akapita mlangoni kwa Sange akicheka, "Nimeula uyoga wenu, mbona sijafa?" Sange akamsihi aende kwa mganga. Hakwenda.

Fisi alikufa Alhamisi asubuhi.