Kiraka Kitupu cha Kihenge cha Holo

Kabla sijasimulia, Nyanzobe mwanangu, niache nitubu kwanza. Mwaka nilioolewa katika boma hili nilifanya jambo lile lile ulilotaka kulifanya wewe leo asubuhi. Nilikiona kihenge cha mama mkwe wangu, ghala lake la mtama, kimepambwa viraka vya rangi tangu chini hadi kwenye kofia yake ya nyasi, halafu hapo kando ya mlango wake mdogo pameachwa patupu, udongo mkavu kama goti la mtoto. Nikasema moyoni, huyu mama ni mvivu, kazi imemshinda mwishoni. Nikachovya kidole katika udongo mweupe nikapachora ua. Lilikuwa zuri, nisiseme uongo. Mama mkwe, Mungu amrehemu, hakunigombeza. Alilikwangua ua langu taratibu kwa kisu cha mboga, akaniketisha juu ya kinu kilicholazwa, akanisimulia. Mimi shule sikwenda mbali, sina cha kuongeza. Nakupa kama nilivyopewa.

Zamani hizo vihenge vyote vya kijiji hiki cha Igembya vilikuwa vitupu. Havikuwa na rangi wala alama. Ungevipita usijue kipi cha nani. Alama ya nyumba ilikuwa mbegu yake. Kila ukoo ulikuwa na mtama wake, na mama alimkabidhi binti kibuyu kilichozibwa mdomo kwa majivu, akamwambia, "Huyu ni bibi yako, usimchanganye na watu." Mtama wa nyumba hii haukupandwa shamba moja na mtama wa nyumba ile. Mwanamke aliyechanganya mbegu walimwona sawa na mtu aliyechanganya makaburi.

Basi alikuwako mjane mmoja, jina lake Holo, aliyekaa chini ya majabali, mwisho wa kijiji. Mwaka mmoja alikuwa akichoma nyasi za shamba, upepo ukageuka, moto ukamponyoka. Ukala kihenge chake, ukala na kibuyu cha mama yake. Alibaki na jembe, kapu moja na njaa. Akasimama kwenye majivu akawaza: kuomba chakula ni aibu ya siku moja, lakini kuomba mbegu ni kukiri kwamba nyumba yako imekufa. Hata hivyo alijitwika kapu lake akaenda.

Alianza kwa Minza, mama wa kilimani, mwenye mtama mwekundu na ulimi mwekundu zaidi.

"Moto umekula kibuyu cha mama yako, nawe ulikuwa wapi? Unaota?" Minza alimwambia. Lakini alikwenda ndani akapima kibaba. "Hii ni mbegu ya mama yangu. Iweke peke yake. Umesikia, Holo?"

"Nimesikia, dada."

Holo alikuwa ameshateremka nusu ya njia aliposikia anaitwa. Minza alikuwa anamkimbilia kwenye ile njia iliyopindapinda, anachechemea, ameshika kibaba cha pili. Alikimimina kapuni akarudi zake.

Kutoka hapo akaenda kwa mzee Lugembe, mtani wake, mwenye mtama mweupe. Lugembe alimpa kwa masharti yale yale, akaketi tena kwenye kigoda chake akaongeza kwamba ukoo wa akina Holo hata jiwe ukiupa litaungua. Akaenda kwa bibi kizee Ng'wasi, mwenye mtama mweusi. Ng'wasi aliichota mbegu kwa viganja vinavyotetemeka, akaibusu kabla ya kuiachia. "Peke yake, mjukuu wangu," alisema. Holo akaitikia. Na njiani kuelekea nyumbani alikutana na mwanamke mgeni, mtoto mgongoni na mzigo wa chumvi kichwani. Mgeni alimwona machozi, akauliza, akajibiwa. Akafungua pindo la nguo yake akatoa konzi ya mtama wa rangi ya asali. "Panda, dada," alisema. Hakutaja jina wala kwao, wala hakuweka sharti. Akaendelea na safari.

Ahadi za Holo zilikuwa za kweli alipozitoa. Lakini kapu lilikuwa moja. Alikuwa ametenga mbegu kwa majani ya mgomba, na majani yale yalikauka yakachanika, na kabla hajafika kwake mvua ya kwanza ikaanza kupiga. Akatazama udongo unalowa. Akasema, nikikaa kuchambua, mvua itapita. Akashika jembe akapanda yote pamoja, bondeni nyuma ya majabali, mahali ambapo hakuna aliyepita. Minza alipomuuliza kisimani, "Mbegu yangu iko peke yake?" Holo alijibu, "Iko peke yake." Neno dogo tu, mwanangu. Lilimchukua muda mfupi kulisema, nalo likakaa naye kama jiwe kwenye kiatu.

Mungu hakuangalia uongo ule, mtama ulikubali. Bonde likawa na masuke mekundu, meusi, meupe, ya asali, kama nguo ya maskini yenye viraka, na ilikuwa nzuri kuitazama. Holo alivuna akajenga kihenge kipya. Msimu wa pili alipanda tena, na sasa yakatoka masuke ambayo hakuna ukoo ulioyajua: punje nyeusi zenye tumbo jeupe, nyekundu zenye mdomo wa asali. Mbegu zilikuwa zimeoana. Alipoona hivyo aliogopa zaidi. Hakupika pombe wala hakualika mtu. Hakuthubutu hata kumkopesha jirani kibaba kimoja, maana kukifungua kihenge mbele ya mtu ni kufungua kinywa. Alikula kidogo, kwa kujificha, mtu mwenye shibe anayeishi kama mwizi. Kihenge kikajaa hadi juu.

Ndipo ikaja ile mvua ya hadaa. Ilinyesha, watu wakapanda. Jua likaunguza miche. Ikanyesha tena, watu wakapanda mbegu iliyobaki, jua likaunguza. Vibuyu vya Igembya vikawa vitupu, nyumba baada ya nyumba. Watoto walianza kupewa maji ya mizizi. Halafu mawingu ya kweli yakaanza kukusanyika upande wa ziwa, na hapakuwa na mtu mwenye punje ya kutupa ardhini.

Wakamkumbuka Holo. Minza alituma neno: "Kesho tunakuja. Kila mmoja atachukua mbegu yake aliyokukopesha."

Holo aliingia kihengeni akamwaga mtama uani, akaanza kuchambua. Nyekundu huku, nyeupe kule. Na zile zenye rangi mbili je? Alizishika kiganjani, hazikuwa na pa kwenda. Akaona mambo mawili tu yamebaki: akifunga mlango aseme mbegu imeoza, uongo wake utamficha na kijiji kitakufa, akifungua, kijiji kitapona na yeye ndiye atakayefukuzwa. Akalia. Akamwomba Mungu, si kwamba amfiche, bali ampe ujasiri wa kuonekana.

Kisha aliinuka akaenda kuchimba udongo. Mwekundu aliutoa kilimani, mweupe mtoni, na mweusi ulikuwa masizi ya chungu chake, vyote akavikanda na samadi vishike. Akawaza, siwezi kuwarudishia mbegu, basi walau ijulikane ni ya nani. Akachora ukutani mwa kihenge njia nyekundu iliyopindapinda: hiyo ni Minza. Akachora duara jeupe ndani ya duara, kama kigoda kinavyoonekana kutoka juu, kwa ajili ya Lugembe aliyetania ameketi. Akaweka nukta nyeusi nyingi, kama ncha za vidole vinavyotetemeka, za bibi Ng'wasi. Alipofika kando ya mlango, alisimama. Yule mgeni amchore vipi? Hamjui jina, hajui kwao. Akapaacha.

Watu walipokuja walishangaa ule ukuta, lakini njaa haina macho ya mapambo. Holo alisimama mlangoni.

"Kihenge hiki si changu," alisema. "Ni chenu. Nilichanganya mbegu, nikawadanganya. Hazichambuliki tena. Nifukuzeni, lakini kwanza pandeni."

Minza alitumbukiza mkono, akatoa punje, akazitazama. "Umemzika mama yangu na watu asiowajua," alisema.

Bibi Ng'wasi naye alichukua punje moja nyeusi yenye tumbo jeupe. Aliigeuzageuza karibu na jicho. "Jamani," alisema, "huyu ana uso wa mama yangu na kitambi cha Lugembe."

"Mungu apishe mbali!" Lugembe aliruka. "Mama yako hakunipenda hata siku moja."

"Sasa kakupenda. Tazama watoto wenu."

Watu wakacheka, kicheko cha wenye njaa, kinachoumiza mbavu. Minza hakucheka. Alikuwa amegeukia ukuta, anaifuata ile njia nyekundu kwa macho, kona kwa kona. Alikaa hivyo mpaka wengine wakanyamaza.

"Umekosea," alisema.

"Najua, dada."

"Sisemi mbegu. Njia. Hapa pana kona moja umeisahau, pale kwenye mwiba ulionichoma nikikukimbilia na kibaba cha pili." Akachovya kidole katika udongo mwekundu uliobaki, akaichora kona ile mwenyewe. Kisha akatandaza kanga yake chini. "Nipimie. Mvua inakuja."

Walipanda mtama ule uliooana. Uliowahi uliwahi, uliochelewa ulichelewa, na mwaka ule, na miaka iliyofuata, jua halikuweza kuukamata wote kwa pamoja. Na mavuno yalipoingia, kila nyumba ilichora kwenye kihenge chake viraka vya wale walioipa mbegu.

Ndiyo maana hadi leo, Nyanzobe, kihenge cha Igembya hakimsifu mwenyewe. Njia, kigoda, nukta, vyote ni majina ya watu waliotushika mkono, na aliye hai huitwa aongeze kona yake kwa kidole. Na kiraka kitupu ni cha mama wa chumvi, ambaye hatukumjua kumshukuru. Mpita njia akija kuomba, huchotewa kupitia upande ule, wala haulizwi anatoka wapi. Huenda ni yeye. Huenda ni yule mtoto wa mgongoni.

Mimi nimeshukuru kwa miaka mingi, na macho yangu yamechoka. Kile kiraka nilichomchorea mama mkwe wangu kwenye kihenge chetu, kile chenye alama ya kisu cha mboga, kimeanza kubanduka. Kesho ukienda mtoni, niletee udongo mweupe kidogo.