Makopa ya Bi Nyamizi na Treni ya Saa Nne

Palikuwa na mkuu wa stesheni ya Kigongomawe, Bwana Mlekwa, mtu wa kofia nyeusi na kifua mbele. Alitoa amri: "Marufuku kuanika kitu relini kabla treni ya saa nne haijapita! Ikishapita, anikeni mtakavyo. Atakayekaidi, nyumba yake naivunja."

Amri gani hiyo, jamani? Kokoto za reli hushika joto kuliko jamvi lolote, na watu wa pale wameanika makopa yao ya muhogo hapo tangu enzi za bibi zao. Tena treni yenyewe! Ikipiga honi, akina mama hupakua chakula cha mchana, maana ni saa nane.

Siku moja Bi Nyamizi, mjane mwenye kibanda kimoja na ulimi mkali, alianika makopa yake relini saa sita. Mengine yakalala juu ya chuma. Treni ilipotokea ikayasaga, unga ukaruka mpaka kwenye kofia ya Bwana Mlekwa. Watu walicheka, na hilo ndilo lililomchoma.

Kesho yake akampeleka kwa hakimu. Mkaguzi mkuu wa reli naye alikuwapo, ameketi mbele kabisa. Kofia yenye unga ikawekwa mezani kama ushahidi.

"Ulianika saa ngapi?" hakimu akauliza.

"Saa sita, mheshimiwa. Sikatai."

"Amekiri!" Bwana Mlekwa akaruka. "Nyumba ivunjwe!"

"Shikamoo, bwana mkuu," akasema Bi Nyamizi, taratibu.

"Marahaba. Unataka nini?"

"Treni yako siku hiyo ilipita saa ngapi?"

Bwana Mlekwa akamtupia jicho mkaguzi. Mkaguzi naye akamkazia macho.

"Saa nne kamili!"

"Haikuchelewa hata kidogo?"

"Tangu nishike stesheni hii, treni haijachelewa! Daftari hili hapa, nimeandika kwa mkono wangu."

Mkaguzi akatikisa kichwa kwa kuridhika. Hakimu akamgeukia mjane.

"Bi Nyamizi, una neno la mwisho?"

"Ninalo, mheshimiwa. Treni ilipita saa nne, mimi nikaanika saa sita, kama amri inavyotaka. Sasa namwomba bwana mkuu anitajie hicho kidude kilichokuja saa nane kikipiga honi, kikayasaga makopa yangu, ili nami nikishtaki."