Jiwe Lililosimamisha Wakati wa Jirani

Usiisome hadithi hii huku unatembea. Kaa kidogo, uimalize, ndipo umtumie yule unayemtakia mema.

Huko milimani aliishi mkulima mmoja, jina lake Ambokile. Hakuwa maskini. Migomba yake ilizaa, mkewe Atuganile alikuwa mchapakazi, na njaa waliisikia kwa watu. Shida yake ilikuwa moja tu: upande wa pili wa ua wa michongoma alikaa Lutengano.

Lutengano akipanda maharage, yanaota yote. Ng'ombe wake akizaa, anazaa pacha. Alipoezeka nyumba yake kwa bati, Ambokile hakula siku mbili. Kila jua lilipoliwakia bati lile, aliona limewaka makusudi ili kumchoma macho yeye. Na kicheko cha Lutengano! Kikivuka ua wakati wa chakula, tonge lilimkwama Ambokile kooni.

"Hivi huyu mtu amekukosea nini?" Atuganile alimuuliza siku moja.

"Hajanikosea kitu."

"Basi wahenga hawakukosea. Hasidi hana sababu."

Ambokile akachukua jembe lake, akaenda zake shambani.

Mvua ya juzi yake ilikuwa imemomonyoa ukingo wa mteremko kule mwisho wa shamba. Hapo ndipo alipoliona jiwe. Lilikuwa la pembe sita, kubwa kama ngumi, angavu kama maji ya chemchemi. Juu yake panzi alikuwa hewani, mabawa wazi, haendi mbele wala haanguki. Ambokile alilidokoa jiwe kwa mpini wa jembe mpaka likang'oka udongoni. Papo hapo panzi akaruka zake.

Alirudi nalo nyumbani, akalitupa chini karibu na kuku. Kuku akasimama, mguu mmoja juu, punje mdomoni. Akaliinua kwa fimbo, kuku akameza punje yake na kuendelea kuchakura. Ambokile akaelewa: jiwe likigusa udongo, wakati wa mahali pale husimama. Likiinuliwa, wakati huendelea.

Atuganile alipoonyeshwa, alipiga vigelegele. "Mungu katukumbuka! Tuliweke ghalani, mahindi yasibunguliwe. Au tumpelekee mama yangu anayeumwa, homa isimzidi mpaka dawa ipatikane."

Ambokile hakuwa akimsikiliza. Alikuwa akiliangalia bati la jirani.

Kesho yake mchana, Lutengano na mkewe Tusajigwe walikuwa wamekaa uani, chungu kimeshaepuliwa. Ambokile alichukua mwanzi mrefu, akapenyeza jiwe chini ya ua na kulisukuma mpaka ndani. Kicheko cha Lutengano kikakatika katikati. Moshi wa jiko lake ukasimama kama kamba iliyofungwa mbinguni.

Siku hiyo Ambokile alikula akashiba, akaomba na nyongeza.

Wanakijiji walikuja kushangaa. Mmoja alijaribu kuingia, mguu wake ukakwama hewani mpaka wenzake walipomvuta kwa kamba. Tangu hapo watu walihamisha njia, wakapita mbali.

"Liondoe lile jiwe," Atuganile alimsihi.

"Nitaliondoa nikishampita. Niache nijenge kwanza nyumba ya bati, kubwa kuliko yake."

Lakini kila aliposhika jembe, wasiwasi ulimjia. Je, nikiwa shambani mtu akaja akalitoa? Akarudisha jembe, akavuta kigoda, akakaa mlangoni kulinda. Leo hivyo, kesho hivyo. Magugu yakameza maharage. Migomba ikazeeka bila kupunguziwa machipukizi. Jioni akihesabu alichofanya, hukuta ni kimoja tu: amemtazama Lutengano.

Atuganile alivumilia miaka saba. Mwaka wa nane alifunga mzigo wake.

"Mume wangu, umewafunga watu wawili," alisema, "lakini waliofungwa tupo wanne." Akaenda zake kwao, wala hakurudi.

Miaka ikapita, ishirini, thelathini. Mgongo wa Ambokile ukapinda. Meno yakamtoka. Asubuhi moja aliukaribia ua kwa mkongojo, akachungulia kwa karibu, na kitu kikamkata maini. Nywele za Lutengano zilikuwa bado nyeusi! Mikono yake bado imejaa nguvu! Tusajigwe naye, ngozi laini kama siku ile.

"Hata hapa amenishinda!" alifoka peke yake. "Mimi nimezeeka, yeye kijana! Haiwezekani. Nitalitoa jiwe hili, miaka yote thelathini imwangukie mara moja."

Akatafuta mwanzi wenye kulabu. Alivuta, akavuta, mpaka jiwe likatoka na kuangukia juu ya mwamba.

Moshi ukapanda. Kicheko kikaendelea pale kilipokatikia. Chungu kilikuwa bado kinatoa mvuke. Ambokile alikodoa macho akingojea mvi zije. Hazikuja. Jiwe lile lilijua kusimamisha tu.

Lutengano alitoka nje ya ua, akamwona mzee amesimama na mwanzi mkononi. Akainama kwa heshima.

"Shikamoo, babu."

Ambokile akauegemea mwanzi wake. Walizaliwa mwaka mmoja.

"Umetoka mbali, naona umechoka," Lutengano alisema. "Karibu ndani, ndizi ndiyo kwanza zimeiva. Nilikuwa namfuata jirani yangu Ambokile, tule naye. Mwaka huu maharage yake hayakufanya vizuri, nataka nimpe mbegu. Hukumwona hapo kwake?"

Ambokile aligeuka akaitazama nyumba yake. Paa lilikuwa limebonyea, mlangoni pamebaki kigoda.

"Nilimwona," alisema hatimaye, machozi yakimshuka kwenye makunyanzi. "Alikaa hapo mlangoni maisha yake yote. Sasa hayupo tena."

Lutengano hakuelewa. Alimshika mzee mkono, akampeleka taratibu mpaka uani, na Tusajigwe akaleta maji ya kunawa.

Funzo: Muda unaoutumia kumzuia mwenzako asiende mbele haukatwi kwenye maisha yake, unakatwa kwenye yako.