Jina Ambalo Hakulihakiki

Ndugu zangu waumini, kulikuwa na kijana mmoja, mkewe kajifungua binti, mtoto wao wa kwanza. Basi yule bwana hakulala kwa kutafuta jina! Kila alilotajiwa alilisaka kwenye simu: asili yake wapi, maana yake nini. Akisoma hapa kwamba ni zuri, anafungua kwingine, kisha anampigia ustadhi kuhakikisha. Hataki kudanganywa. Nani atamlaumu?

Mama yake akafika kutoka kijijini na doti mpya ya kanga. Kwao, mjukuu wa kwanza wa kike hupewa jina la bibi yake mzaa baba. Na mama huyu aliitwa Sikitu.

"Yuko wapi somo wangu?" akauliza, hata hajaketi.

Kijana akaona haya, akajikaza. "Mama, jina lako ni kama kumwambia mtu hana thamani. Siwezi kumtwisha mwanangu mzigo huo. Tumemwita Munira, mwenye kung'ara. Nimehakikisha."

"Haya, baba. Ni zuri." Akamfunika mtoto kwa ile kanga, akanywa chai kidogo, akaaga.

Hakurudi tena. Masika hayajaisha, wakamzika.

Walipotoka makaburini, kijana akamwendea mama yake mdogo. "Hivi babu na bibi walimchukia nini mama, hata wakampa jina lile?"

"Kumchukia?" Mama mdogo akamtazama sana. "Wote waliomtangulia walikufa wachanga. Alipozaliwa yeye wakamwita Sikitu, ili kifo kikisikia kidhani hapa hapana cha kuchukua, kipite. Akaishi, akakuzaa wewe."

"Mbona hakuniambia?"

"Ulimwuliza?"

Msibishane nami kama jina huzuia kifo. Umri wetu u mikononi mwa Mungu. Mimi nasema juu ya wazazi waliokuwa wamechoka kuzika. Na mnasubiri niwaambie kijana alivyotengeneza mambo? Hakutengeneza. Alihakiki majina yote, akaliacha moja kwa kuwa alidhani analijua, na aliyepaswa kumwuliza yumo udongoni.

Na sisi je? Ni lini tulimwuliza mama jambo, tukanyamaza tumsikilize? Sina faraja ya kuwapa leo. Ambaye mama yake yu hai, atoke nje sasa hivi ampigie. Sisi wengine tubaki humu, tulie.