Mwoga, Mwizi na Mwongo wa Kisiwa cha Moto

Hapo zamani, zamani hasa, kabla mtu hajajua kufua chuma, palikuwa na kisiwa katika Bahari ya Mediterania, kaskazini ya nchi ya Krete. Katikati ya kisiwa palisimama mlima. Mlima ulikuwa kimya kwa muda mrefu mno, hata watu wakapanda mizabibu mgongoni mwake, wakajenga mji miguuni pake, nyumba za ghorofa, na kuta za nyumba hizo wakazipamba kwa picha.

Mchora picha hizo aliitwa Dideru. Mkono wake ulikuwa hodari. Moyo wake ulikuwa wa kuku. Simsengenyi, yeye mwenyewe alikuwa akilisema hilo kwa sauti, kabla mwingine hajamtangulia. "Miungu waliponiumba," alikuwa akisema, "walianza na miguu, wakaipenda sana, wakasahau kunitia kifua." Aliwahi kumchora simba sebuleni kwa mfanyabiashara mmoja, akammalizia macho huku ametazama pembeni.

Basi mwaka ule ardhi ilitetemeka. Dideru aliruka kutoka dirishani, akatua juu ya kapu la tini la mama muuzaji. "Nilitua vizuri," aliwaambia majirani. "Tini zote zilikufa, mimi nikapona." Watu walicheka wiki nzima. Lakini kuta zilikuwa zimepasuka, na wengi wakapakia vitu vyao, wakahama. Wachache wakabaki kukarabati. Dideru naye akabaki, maana tajiri mmoja alitaka mbayuwayu wachorwe chumbani kwake, na Dideru aliogopa kumkatalia tajiri kuliko alivyoogopa ardhi.

Asubuhi moja alikuwa anamchora mbayuwayu wa mwisho. Ukuta ukanguruma. Majivu mepesi yakaingia dirishani, yakatua juu ya rangi ya buluu. Dideru aliyatazama. Hakupiga kelele, hakuvaa viatu, hakumuaga mtu. Alitoka mbio na brashi yake mdomoni.

"Jamani, njooni! Dideru anakimbia tena!"

Mtaa mzima ukaacha kazi. Mwashi akaacha udongo, mwanamke akaacha jiwe la kusagia, watoto wakamfuata wakiiga mbio zake. "Leo atajitupa baharini! Twendeni tukamwone!" Tajiri mwenye nyumba, mtu wa adabu, aliwakataza watu wake wasimcheke fundi. Wakabaki ndani.

Dideru alikimbia, watu wakamfuata. Alishuka ngazi za mji, wakashuka. Alifika gatini, akajificha chini ya rundo la nyavu, miguu ikabaki nje. Watu walicheka hadi wakashika mbavu. Na wakiwa wanacheka hivyo, mlima ulipasuka kileleni. Moshi ukapanda kama nguzo, na mawe ya moto yakaanza kuanguka juu ya mapaa waliyotoka chini yake muda mfupi tu uliopita. Hapo hakuna aliyecheka tena.

Gatini palikuwa na mashua moja. Ilikuwa ya Tanate, mwanamke aliyehamia Krete baada ya lile tetemeko, kisha akarudi na kaka yake Kitane kuzoa vitu katika nyumba zilizoachwa. Kuzoa ni neno lake. Mashua ilikuwa imejaa majagi ya mafuta ya zeituni ya watu wengine.

Tanate aliwatazama watu. Akayatazama majagi. Akawatazama watu tena.

"Mnashangaa nini?" alifoka. "Saidieni kutupa!"

Majagi yakaenda majini, moja baada ya jingine. Watu wakapanda. Dideru alikuwa amepanda kitambo. Hakuna aliyemwona akipanda. Kitane alikuwa bado anashuka ngazi, jagi kubwa begani.

"Tupa hilo jagi, Kitane! Kimbia!"

Kitane hakulitupa. Alidhani dada yake ana haraka tu, kama kawaida yake. Alifika mwanzo wa gati, na jiwe jekundu likaanguka karibu na mashua, maji yakachemka. Dideru ndiye aliyekuwa amekaa karibu na kamba. Mikono yake ikaifungua. Mashua ikatoka. Tanate alipogeuka, palikuwa na upana wa maji kati yake na kaka yake, kisha moshi ukashuka, na gati halikuonekana tena.

Huko baharini mchana uligeuka giza. Mawe mepesi yenye matundu yalifunika maji, yanaelea, na kila kasia likishuka linagonga mawe. Wavuta makasia walivuta mpaka mikono ikafa ganzi. Hawakujua waendako. Mmoja akaweka kasia chini. Wa pili akaweka. Kina mama wakaanza kuwafunika watoto nyuso.

Ndipo aliposimama mzee Aranare, mchunga mbuzi, aliyekuwa ameketi mbele kabisa.

"Naiona!" alipaza sauti. "Milima ya Krete! Ile pale, ina weupe kileleni! Vuteni, wanangu, tumefika!"

Wakavuta. Dideru alikuwa amejikunja pembeni ya mzee. Aliinua kichwa aione Krete, akaona giza tupu. Akamtazama mzee. Macho ya mzee yalikuwa yamefumba, kope zimegandamana kwa majivu.

"Babu," alinong'ona, "mbona huoni?"

"Nyamaza, mwanangu."

"Nikinyamaza tunakwenda wapi?"

"Mbali na joto. Nalisikia mgongoni."

Dideru akanyamaza. Msidhani alikuwa na hekima. Alihofia kwamba watu wakijua, makasia yatamshukia yeye aliyeleta habari.

Kisha nyuma yao mlima ukalipuka wote. Sauti ile iliwaangusha kifudifudi. Wimbi kubwa liliinyanyua mashua, likaishusha taratibu, likapita kwenda mbele. Na mawingu yalipopasuka kidogo, wakaona kwamba katikati ya kisiwa chao hapakuwa na kitu. Palikuwa na maji yanayofuka.

Walitua Krete wakiwa weupe wa majivu kama vinyago vya chokaa. Pwani ilikuwa imesombwa na lile wimbi lililowapita, na watu wa pwani walikuwa wamekimbilia vilimani. Huko kilimani alikuwepo Mama Kupanu, mkuu wa kijiji. Aliwapa mkate, akawapa maji, akangoja wamalize kula. Halafu akasema:

"Kijiji kimejaa wakimbizi. Nimebaki na shamba moja tu, lina chemchemi na mizeituni. Nitampa aliyewaokoa, liwe lake na la watoto wake. Wengine mtakwenda kufanya kazi katika mashamba ya watu. Haya, nani aliyewaokoa?"

Tanate alisimama wa kwanza. "Bila mimi mngefia gatini. Mashua ni yangu. Mali yote nimeitupa. Kaka yangu nimemwacha."

"Mali ya nani?" mwashi alidakia. "Jagi lenye picha ya pweza lilikuwa la mama yangu!"

"Lilikuwa la mama yako," Tanate alijibu. "Nililiiba. Watu waaminifu wote wa kisiwa kile walishaondoka na mashua zao. Iliyobaki ilikuwa ya mwizi, nanyi mkaipanda."

Mzee Aranare akasimama, macho bado mekundu. "Bila mimi mngefia baharini. Mlikuwa mmeshaweka makasia. Niliwaonyesha Krete."

"Hukuwa unaona!" walimpigia kelele, maana walipomwosha majivu machoni walishajua. "Ulitupeleka usikokujua!"

"Nilijua tulikotoka. Mngeambiwa hilo tu, mngevuta?"

Dideru alikuwa nyuma ya watu. Shamba alilitaka, tena sana. Nani angetaka mbayuwayu ukutani katika nchi ambayo watu wamekosa hata ukuta? Akajikuta amesimama.

"Mimi nilikimbia," alisema. "Sina zaidi. Kama shamba mnawapa miguu, miguu ni hii hapa."

Watu wakacheka, kwa mara ya kwanza tangu kisiwa kilipuke. Kisha mwanamke mmoja aliyekuwa na mtoto mgongoni akasema, "Lakini bila yeye mashua ingetukuta wapi? Mimi nilikuwa nasaga. Nilitoka kwenda kumcheka. Aliyekuwa mstaarabu akabaki nyumbani amekufa."

Tanate akageuka. "Mwambieni Mama Kupanu na lililobaki. Nani alifungua kamba?"

Kicheko kikakatika. Dideru alitafuta neno la kuchekesha, hakulipata.

"Mimi," alisema. "Vidole vilifungua kabla sijaviambia. Labda tungengoja kidogo, Kitane angekuwa nasi hapa. Labda tungengoja kidogo, sote tungekuwa naye kule. Sijui, dada yangu. Kila nikifumba macho namwona na lile jagi."

Tanate alifunika uso kwa shuka yenye majivu aliyokuwa nayo mabegani. Alipoufunua, alisema kwa sauti ndogo, "Mimi ndiye niliyemtuma akalilete."

Mama Kupanu akashusha pumzi. "Niliulizia mwokozi. Nimeletewa mwoga, mwizi na mwongo. Na watu wote hawa, wazima, wanakula mkate wangu."

Akaingia ndani kufikiri, akawaacha uani.

Sasa mimi msiniulize. Siku ile ningekuwa chini ya zile nyavu kabla ya Dideru, na ningemnyima nafasi. Nawauliza ninyi, mlioketi mmetulia na ardhi chini yenu haitikisiki: shamba lile la chemchemi ni moja tu, halikatiki. Mngempa nani, aliyekimbia, aliyeiba, au aliyedanganya?