Jiwe Lililotoka Kisiwa cha Juu

Ndugu zangu, leo nawapeleka mahali ambapo hakuna basi linalofika. Iko nchi ambayo visiwa vyake haviko majini, viko angani. Vinaelea. Mnacheka? Chekeni tu sasa hivi, maana mimi niliyeutunga mfano huu nilipofika mwisho wake sikucheka.

Kwenye kisiwa kimoja cha juu aliishi mama mmoja aliyesifika kwa usafi. Kule hawana jalala wala shimo la taka. Kila nyumba hufagia kuelekea ukingoni, na kitu kikishavuka ukingo, basi, kimekwisha. Chini ni mawingu matupu, ndivyo walivyofundishwa tangu utotoni. Huyu mama alifagia kila asubuhi: majivu, vigae, mifupa ya kuku. Siku jiwe lake la kusagia lilipopasuka, alilibingirisha mpaka ukingoni, akalisukuma kwa mguu, akakung'uta mikono. Hakungoja kusikia kama limetua mahali. Kwani sisi huwa tunangoja?

Mwaka huo mvua ilinyesha majuma matatu bila kukatika. Udongo wa visiwa ukilowa huwa mzito, na kisiwa kikiwa kizito hushuka. Kisiwa cha yule mama kikashuka, kikapenya mawingu, kikasimama ubavuni mwa kisiwa kingine ambacho hakuna aliyejua kuwa kipo. Na kilikuwa na watu! Tena watu wenye adabu zao. Walitandika mbao za kuvukia, wakawakaribisha wageni kwa uji wa moto.

Mama yetu akavuka pamoja na majirani zake. Akakuta watu wamekusanyika uwanjani, wamemzunguka mwanamke mmoja aliyekonda, amepiga magoti. Mbele yake palikuwa na jiwe la kusagia lililopasuka, lenye mistari mitatu ubavuni. Mistari ile mama yetu aliichonga mwenyewe, mwaka alioolewa.

Akamuuliza kiongozi wao, "Baba, kuna nini hapa?"

"Mgeni wetu, umetukuta na aibu yetu," akajibu. "Jiwe hili limetoka kwa Mungu. Lilitoboa paa la mama huyu, likamvunja mumewe miguu yote miwili. Na Mungu hampigi mtu bure. Tumemwambia aungame dhambi yake. Kila siku anaungama nyingine, hata hatujui ya kweli ni ipi. Leo anapelekwa kwenye mwamba ule pale, akakae peke yake mpaka mbingu ziridhike."

"Na mumewe atalishwa na nani?"

"Hilo angelifikiria kabla hajakosa."

Maneno matatu tu yalitosha, ndugu zangu: jiwe ni langu. Yalimfika kooni. Lakini akageuka, akawaona majirani zake wamesimama nyuma, wale wale waliokuwa wakimsifu kwa usafi, akayameza. Machozi yakamtoka.

Yule aliyepiga magoti akayaona. Akasema, "Dada yangu, tangu balaa hili linipate hakuna hata mmoja aliyenililia. Wewe umetoka juu, karibu na Mungu. Niombee."

Mnadhani alifanya nini? Alimwombea! Akamwekea mikono kichwani, akasema, "Ee Bwana, msamehe dada yangu huyu makosa yake yote, anayoyajua na asiyoyajua." Sala nzuri kabisa, tena kwa machozi ya kweli. Uwanja mzima ukaitikia Amina. Yule mwanamke akamshukuru, akambusu mkono, kisha akainuka akapelekwa mwambani.

Mbona mmenyamaza?

Ni sisi hao. Tunadondosha neno moja bombani tukisubiri ndoo zijae, tunakwenda zetu, hatuulizi limetua juu ya paa la nani. Jumatano mwenzetu anakuja kwenye maombi, analia, ndoa imevunjika, au binti yake amekataliwa na wakwe. Nani wa kwanza kumwekea mikono? Sisi. Na tunalia kweli! Tunamwambia ajichunguze, huenda kuna mahali amemkosea Mungu. Jamani! Tumemsingizia Mungu mawe tuliyoyasukuma wenyewe, halafu tukaitwa wacha Mungu.

Msidhani nawasema ninyi peke yenu. Mimi mchungaji wenu nimewahi kuomba sala ile. Namjua niliyemwombea, na tangu siku hiyo simtazami machoni. Naona haya kusimama hapa mbele yenu.

Kwa hiyo leo sitamwita mtu aje mbele kuombewa. Tumeombeana vya kutosha. Mlango ule uko wazi. Kama unamjua wa kwako, toka sasa hivi, usingoje wimbo wa mwisho, mkimbilie kabla hajafika mwambani, ukamwambie mbele ya watu: jiwe ni langu. Nami natangulia.